Lango Lisilozinduliwa

Jina la nchi yetu sitalitaja, na si kwa woga, msije mkanifikiria vibaya. Lilibadilishwa mwaka juzi, na jina jipya bado halijazinduliwa, kwa hiyo kwa sasa hatuna. Tukiandikiana barua tunaandika "kwetu" juu ya bahasha, na zinafika, zikifika.

Mimi nchi yangu naipenda na sina ugomvi na mtu. Naitwa Siwema, mke wa Kibwana, mama yake Zuhura. Nataka tu kueleza mambo yalivyokuwa siku ya Lango, kwa sababu magazeti yameyaeleza vizuri mno.

Kwanza mwelewe desturi. Kwetu kitu hakitumiki mpaka kizinduliwe. Utepe ufungwe, mgeni rasmi aje, ahutubie, akate, akina mama wapige vigelegele. Kikishapigiwa vigelegele, kipo. Kabla ya hapo, hata kama unakiona, kwa mujibu wa sheria hakipo. Pale mtaani kwetu tuna zahanati nzuri yenye mlango wa kioo na vitanda vya kukunja. Ilifungwa utepe Zuhura wangu akiwa darasa la nne, na sasa Zuhura ameolewa. Wajawazito wanajifungulia barazani, juu ya mkeka, wakivitazama vitanda kupitia kioo, na nesi huwaambia washibe kwa macho. Daraja la mto nalo limeisha zamani. Watu wanavua viatu wanapita chini yake, ndani ya maji. Kuna bwana mmoja mto ulimchukulia mbuzi wake pale, akatozwa faini kwa kuzembea karibu na daraja lisilokuwepo. Akalipa, akashukuru. Ndivyo tulivyo, watu wa adabu.

Basi serikali ikajenga Lango. Nchi jirani walikuwa nalo, au walisema wanalo, na sisi kupitwa na jirani hatuwezi, afadhali tulale njaa, na kulala njaa tunaweza. Lango lenyewe ni fremu ya chuma iliyosimamishwa katikati ya uwanja wa mpira, na nyaya zake zimelazwa kwenye majani. Likiwashwa, ndani ya fremu panatokea kitu kama maji yaliyosimama wima. Ukiyakanyaga maji yale unatokea ulimwengu mwingine. Si Ulaya wala Arabuni. Ni ulimwengu mwingine kabisa, uliokaa ubavuni mwa huu wetu kama vyumba viwili vya nyumba ya kupanga. Mwenye dhamana ni Wizara ya Milango, Madirisha na Matundu Mengineyo.

Mume wangu alikuwa fundi wa wizara hiyo. Kibwana ni mtu mpole, na ni mtumishi wa serikali mpaka kwenye uboho. Mchuzi ukipoa hasemi umepoa, anasema "mama Zuhura, kuna changamoto ya moto." Siku ya mahari yangu alisimama mbele ya wazee akashukuru kwa kupewa nafasi ile. Nilimzoea, na nilimpenda, na bado.

Siku ya kulijaribu Lango, mafundi walimpitisha kuku, akaenda akarudi. Wakampitisha mbuzi, akarudi anatafuna kitu ambacho kwetu hakioti. Ikabaki zamu ya mtu. Ghafla mafundi wote wakakumbuka kwamba wana watoto wadogo. Kibwana akavua viatu, asije akachafua huko aendako, akaingia.

Hakumaliza hata muda wa kunywa chai, akatokea Mkurugenzi wa Lango, Bwana Chilumba. Huyu ni mtu wa simu mbili, moja ya kupokea maagizo na moja ya kuyashusha. Akakuta viatu mbele ya fremu.

"Vya nani hivi?"

"Vya Kibwana, bosi. Amevuka. Anarudi sasa hivi."

"Amevuka?" Wanasema alikaa chini kwenye majani na suti yake. "Mgeni rasmi hajavuka, Kibwana amevuka? Mnataka watoto wangu wale wapi? Zima!"

"Bosi, mtu yuko ndani."

"Ndani ya nini? Lango halijazinduliwa, kwa hiyo halipo, na kisichokuwepo hakiwezi kuwa na mtu ndani. Zima!"

Wakazima.

Mimi nililetewa habari na jirani yangu Mwantumu, ambaye habari humfikia kabla hazijatokea. Alikuja anakimbia, akaniambia, "Siwema, kaa kwanza." Mtu akikuambia kaa kwanza, ondoka. Nikaenda uwanjani hivyo hivyo, mikono ina unga, Mwantumu nyuma yangu anaokota kanga yangu inayodondoka.

Pale sikukuta maji wala miujiza. Nilikuta fremu tupu, na magoli ya mpira yanaonekana upande wa pili, na mgambo mmoja amekaa kwenye kiti. Hasira ilinipanda. Nikaipiga ile fremu kwa ngumi. "Kibwana! Wee baba Zuhura!"

Sauti ikatoka ndani ya chuma. "Naam, mama Zuhura. Usipige, ni mali ya umma."

Mwantumu alikaa chini. Mimi nililia, nikacheka, nikalia tena. Mgambo akatoa kanuni zake mfukoni akazisoma, akasema zinakataza mtu, mnyama na mzigo kupita kabla ya uzinduzi, ila sauti hazikuitaja. Akaniruhusu kuongea.

"Huko kukoje?" nikamuuliza.

"Kama kwetu tu. Mtaa uleule, mto uleule." Akashusha sauti. "Ila, mama Zuhura, huku wanapita juu ya daraja."

"Juu?"

"Juu kabisa. Na viatu. Nimewauliza nani alilizindua, wakaniuliza kuzindua ni nini." Alikuwa na huzuni kwelikweli, kama mtu aliyekutana na watoto waliokosa malezi. "Na zahanati wanaingia ndani. Wanalala kwenye vitanda vyenyewe."

"Unakula wapi? Nani anakupikia?"

Akanyamaza kidogo. Wanawake wenzangu mnaujua ukimya ule.

"Ni mama mmoja, mtu mzima."

"Mzima wa umri gani?"

"Mama Zuhura, tunaongea kupitia mali ya umma."

Halafu akaniambia lililomfanya asilale. Wenyeji wa kule wanajua tabia ya ukuta uliopo kati yao na sisi. Walimwambia malimwengu haya mawili hukaribiana kwa muda tu, kisha yanasogea mbali, yasikutane tena umri wa watu wengi. Safari hii yataachana mvua za vuli zikikatika. Baada ya hapo Lango hata likiwashwa na umeme wa nchi nzima litakuwa fremu tu.

"Zikikatika?"

"Zikikatika."

Nikaangalia juu. Mawingu ya vuli ndiyo kwanza yalikuwa yanajikusanya. Nikasema Alhamdulillahi, muda upo. Ndiyo, nilisema hivyo. Nilisahau niko nchi gani.

*

Kesho yake nilikuwa ofisini kwa Bwana Chilumba. Kwetu hakuna anayepokelewa vibaya ofisini. Nilipewa kiti, nikapewa soda, nikapewa pole.

"Pole sana mama, kwa yote ambayo hayajatokea."

"Mume wangu amekwama upande wa pili."

"Hajakwama, mama. Hajavuka. Angevukaje wakati Lango halipo?"

"Yuko wapi basi?"

"Yuko kazini. Kituo cha mbali."

"Haya, liwashe arudi kutoka hicho kituo cha mbali. Kwa kitambo kidogo tu, mkurugenzi. Hakuna mtu atakayejua."

Alinitazama kana kwamba nimemwomba tule nyama mchana wa Ramadhani. "Mama Zuhura, tukianza kufungulia watu vitu kabla ya kuzinduliwa, leo tutamtoa mumeo, kesho wanawake watataka kuzalia ndani ya zahanati. Nchi itakwenda?"

Nikamweleza habari ya ukuta na mvua. Alisikiliza, akatikisa kichwa kwa masikitiko, akasema suala la mvua liko wizara nyingine.

"Subira yavuta heri, mama."

"Na ngoja ngoja huumiza matumbo."

"Matumbo yapo kwenye awamu ya pili," akasema, akanisindikiza mlangoni mwenyewe, tena kwa heshima zote.

Jamani, heshima! Laiti angenifukuza. Mtu akikufukuza unajua pa kuanzia kugombana naye. Hawa wanakupa soda.

*

Mgeni rasmi alipatikana upesi. Alikuwa waziri wetu mwenyewe, Mheshimiwa Ngwalanje. Siku ikapangwa, tena siku ya karibu, nikashona nguo. Kumbe Wizara ya Mambo ya Nje nao walikuwa macho. Wakaandika kwamba mtu anayekwenda ulimwengu mwingine ametoka nje ya nchi, kwa hiyo utepe ule ni wao. Mawaziri wawili, utepe mmoja. Kikao kikakaa. Mmoja akapendekeza kila waziri akate ncha yake. Wakauliza, kipande cha katikati kitakachoanguka kitakuwa cha nani? Kikao kikaahirishwa ili kipande kifanyiwe utafiti.

Mvua ya kwanza ikanyesha.

Wakapatana. Ngwalanje akate utepe, mwenzake afunue pazia la jiwe la uzinduzi. Jiwe lenyewe lilikuwa limeshachongwa tarehe ya mwanzo, na tarehe ikichongwa kwetu haifutwi, inasubiriwa mpaka siku ifanane nayo. Nilipiga kelele mlangoni kwa wizara mpaka wakachonga jiwe jingine. Hapo likazuka la zulia. Ofisa itifaki alisema mgeni rasmi hawezi kukanyaga zulia upande huu halafu atokee kwenye udongo upande ule. Zulia lazima lifike mpaka huko. Sasa nani atakwenda kulitandika, wakati hakuna mtu aliyewahi kuvuka?

Nikanyanyua mkono. "Mume wangu yuko huko. Mpitishieni zulia, atatandika."

Wakashauriana. "Hoja ya mama ni nzuri na imepokelewa," mwenyekiti akasema, "ila mume wa mama hayupo huko."

Nikasema, "Njooni hapa fremuni niwasikilizishe sauti yake!" Wakaja, kwa adabu, kikao kizima, wakainamisha masikio. Kibwana akawasalimu kutoka ndani ya chuma, mmoja mmoja kwa vyeo vyao, hakukosea hata kimoja. Wakaitikia salamu, wote, wakarudi kwenye viti, wakaandika kwamba ukaguzi umefanyika na hakuna mtu aliyeonekana, kwa hiyo zulia litaishia mlangoni.

Thubutu kucheka. Mimi sikucheka.

Kila jioni nilikuwa naenda pale na kigoda changu. Mwanzoni nilimsikia mpaka anapokohoa. Mvua zilipokolea ikabidi nibandike sikio kwenye chuma. Zilipoanza kupungua ikabidi apige kelele ndipo nisikie mnong'ono. Nilimwambia kwamba Zuhura ana mimba. Akasema kwa sauti ya kukatika, "Basi mimi ni babu." Akalia huko aliko, na mimi nikalia huku, na mgambo akageuka akaangalia magoli.

"Nikitoka nitaomba radhi kwa maandishi," akaniambia siku nyingine.

"Radhi ya nini?"

"Ya kumtangulia Mheshimiwa."

Wallahi, siku ile kama si fremu ningemzaba kofi. Nilikaa nikijiuliza, hivi huyu mtu nampigania atoke, au nampigania aingie? Huko aliko watu wanalala kwenye vitanda vyao, na yeye roho yake imekaa kwetu barazani. Lakini ndiye wangu. Nilimtaka nyumbani kwangu, alalamike changamoto ya mchuzi.

*

Siku ya uzinduzi ilifika mvua zikiwa zimebaki za manyunyu. Mimi niliamka nikaangalia mbingu kabla sijaangalia kitu kingine. Kulikuwa na wingu moja tu, limechoka.

Uwanja ulijaa. Akina mama wote walivalishwa vitenge vya uzinduzi vyenye picha ya Mheshimiwa, kiunoni na kichwani. Bendi ilikuwepo, mahema yalikuwepo, kamera za televisheni zilikuwepo. Utepe mwekundu ulikuwa umefungwa mbele ya Lango, na mkasi uko kwenye sinia, na sinia liko kwenye mto wa hariri, na mto uko mikononi mwa ofisa wa daraja la pili. Mgeni rasmi hakuwepo. Mgeni rasmi kwetu akifika kwa wakati huulizwa kama anaumwa.

Asubuhi ile mafundi waliliwasha Lango ili lipate moto. Maji yakatokea ndani ya fremu, membamba, yanatetemeka. Na Kibwana, ambaye alikuwa amesimama upande wa pili siku zote hizo akisubiri hilo tu, akainama chini ya utepe akatoka.

Hivi hivi! Alitoka kama mtu anayetoka chooni. Nilimrukia. Nilimshika mabega, nikamshika uso, nikamshika mpaka masikio. Alikuwa amenenepa, na mwenye kumnenepesha nikasema tutaongea habari zake tukifika nyumbani. Akasema, "Mama Zuhura, watu wanatuona." Nikasema waone.

Bwana Chilumba alikuja mbio, simu zote mbili mkononi.

"Kibwana! Unafanya nini hapa?"

"Nimerudi, bosi."

"Umerudi kutoka wapi? Utepe huo hapo mzima! Kamera hizo hapo! Ukionekana umetoka, maana yake Lango limetumika, na Mheshimiwa atakuwa anazindua mtumba! Rudi!"

"Harudi," nikasema. "Mkurugenzi, harudi. Nitamvisha kitenge, nitampitisha nyuma ya mahema, hamtamwona."

"Mama, tusikilizane. Aingie tu hapo mlangoni, asimame. Mheshimiwa atakata utepe. Kibwana, ukisikia vigelegele, unatoka. Utakuwa mtu wa kwanza kutoka ulimwengu wa pili! Tutakuvisha shada la maua. Utapeana mkono na Mheshimiwa."

Nilimwona mume wangu anafunga kifungo cha juu cha shati. Nikajua ameshaondoka.

"Kibwana, mvua zimekatika."

Akanyoosha kiganja, akasubiri, likadondoka tone moja. Akanionyesha kama shahidi. "Bado inanyunyiza. Ni dakika tu, mama Zuhura. Nimebakiza kidogo nistaafu, usiniharibie."

Nilishika mkono wa shati lake mpaka mgambo wawili wakanifungua vidole. Akainama chini ya utepe, kwa uangalifu asiuguse, akaingia.

*

Mheshimiwa Ngwalanje alifika jua likiwa limeshapanda. Alilakiwa na ngoma, akakagua gwaride, akakaa. Kwaya ikaimba wimbo wa Lango wenye beti za mikoa yote. Kisha mshereheshaji, kijana mmoja mwenye sauti ya asali, akamkaribisha kwenye kipaza sauti.

"Ndugu wananchi," Mheshimiwa akasema, "kabla sijaanza, naomba nianze." Akaanza kutambua waliokuwepo. Akatambua mpaka waliotuma udhuru. Akamtambua aliyebeba sinia. Alipomaliza akasema itifaki imezingatiwa, halafu akakumbuka kamwacha mmoja, akarudia mwanzo.

Mimi nilisimama kando ya Lango, kwa kuwa mgambo walichoka kuniondoa. Nilikuwa nayaangalia yale maji. Yalikuwa yanapauka. Nikaanza kuona nyuma yake, kwa mbali, nguzo za magoli.

"Tulikotoka ni mbali," Mheshimiwa akasema. "Tulipo ni hapa. Na tuendako ni kule. Na kule, ndugu zangu, huwezi kufika kama hujatoka hapa!"

Makofi. Nguzo za magoli zikaonekana vizuri zaidi. Nikamwita Bwana Chilumba, nikamwonyesha kwa kidole. Aliona. Naapa aliona, maana alimeza mate. Akaniambia kwa kunong'ona kwamba hotuba imebakiza kurasa chache na katika hizo moja ni ya shukrani.

Nilimaliza subira yangu pale pale. Nikaenda kwa yule ofisa, nikachukua mkasi juu ya sinia lake, na kwa kuwa kanuni haikumwambia afanye nini mtu akichukua mkasi, hakufanya kitu. Nikakata utepe. Ukadondoka pande mbili.

"Baba Zuhura! Toka! Ameshakata!"

Sauti yake ilikuja kutoka mbali sana. "Mheshimiwa ameshakata?"

"Ameshakata! Toka haraka!"

"Mbona sijasikia vigelegele?"

Nikapiga. Nilipiga kigelegele ambacho hata harusi ya Zuhura sikukipiga, mpaka koo likaniwaka, mpaka bendi nzima ikageuka.

"Hicho ni chako, mama Zuhura," akasema. "Nakijua. Wengine wako wapi?"

Nikageuka. Uwanja mzima ulikuwa kimya. "Pigeni!" niliwaambia. "Jamani, akina mama, pigeni vigelegele mume wangu atoke! Mnanijua! Mmekula kwangu! Pigeni!"

Walinitazama mimi, halafu wakamtazama Mheshimiwa. Mheshimiwa alikuwa ameweka kidole kwenye mstari aliofikia ili asiupoteze. Nikamtafuta Mwantumu kwa macho, nikampata, mstari wa mbele. Aliinua mkono. Aliufikisha mpaka mdomoni.

"Akina mama, tutulie," mshereheshaji akasema kwa ile sauti yake ya asali. "Bado hatujafika kwenye kipengele hicho."

Mwantumu akaupeleka mkono kichwani, akarekebisha kitenge chake.

"Mama Zuhura?" Kibwana aliita. Sasa ilikuwa sauti nyembamba kama ya mbu. "Basi usijali. Mimi nipo hapa hapa mlangoni. Wakishapiga natoka."

Niliruka. Nilisema liwalo na liwe, kama hatoki yeye naingia mimi. Nikajitupa ndani ya fremu kwa nguvu zangu zote, na nikaangukia majani, upande wa magoli, uso chini. Niliponyanyua kichwa hapakuwa na maji. Kulikuwa na fremu, na kupitia fremu niliwaona wote, na vitenge vyao, wananiangalia.

Mgambo waliniinua kwa adabu, wakanipangusa magoti. Utepe wa akiba ukafungwa, maana kwetu utepe wa akiba haukosekani. Mheshimiwa aliendelea pale pale kwenye mstari wake, akamaliza kurasa zote pamoja na ile ya shukrani. Akaletewa mkasi. Akakata. Akaingia kwenye fremu kwa hatua ndefu, akatokea upande wa magoli, ambako Bwana Chilumba alikuwa ameshazunguka mbio kumpokea. Wakapeana mikono mbele ya kamera. Mheshimiwa akatazama huku na huku, akatangaza kwamba amefurahi kuona ulimwengu wa pili nao una amani na utulivu, na watu wake wanafanana sana na sisi.

Ndipo vigelegele vikapigwa. Viliupasua uwanja. Walipiga akina mama wote kwa pamoja, na Mwantumu alipiga kuliko wote, machozi yanamtoka, hakuacha hata wenzake walipoacha.

Mimi nilikuwa nimekaa kwenye majani, sikio langu limebandikwa kwenye chuma. Chuma kilikuwa cha baridi na hakikusema kitu. Nikabandika mdomo.

"Haya, baba Zuhura. Wameshapiga. Toka sasa."